Aliyejiita Mtunzi wa Muziki Wangu Anataka Nimpe Maua

Mpendwa Shangazi Tamae,

Naomba msaada wako kabla sijapasuka, maana nina miaka hamsini na tisa, nafundisha piano watoto wa mtaa wetu hapa Osaka, na sijawahi kugombana na mtu hadharani, ila wiki hii hata kabichi naikata kama vile ndiyo iliyonikosea.

Mwaka 1988, nikiwa nimetoka tu chuo cha muziki, niliajiriwa na kampuni ndogo ya michezo ya video, mwanamke peke yangu kati ya wanaume kumi na mmoja, na wageni wote walidhani mimi ni wa kuleta chai, na chai kweli nilileta, lakini muziki wa mchezo wetu ulioipa kampuni jina niliutunga mimi, vipande vyote kumi na tisa, kwa mashine iliyoweza kutoa sauti tatu tu kwa pamoja. Kampuni iliogopa washindani wasije wakatunyakua, kwa hiyo mwishoni mwa mchezo hatukuandikwa majina yetu ya kweli. Mimi niliandikwa "Konokono". Nilicheka tu, ujana.

Mkuu wetu wa kitengo, Bwana Togashi, hakutunga hata noti moja. Sitamsingizia, alinitendea wema: yeye na mkewe ndio waliosimama kuwa washenga kwenye harusi yangu. Nilipojifungua nikaacha kazi, baadaye kampuni ikafa, na mimi nikasahaulika nayo.

Sasa mwezi ujao okestra itaupiga muziki ule kwenye ukumbi mkubwa, tiketi zimekwisha, na gazeti limemtaja Bwana Togashi kuwa ndiye mtunzi. Anasema ule wimbo unaopigwa mchezaji akifika kijijini, pale sauti moja inapokatika ghafla, ni kilio chake kwa marehemu baba yake. Shangazi, sauti ile inakatika kwa sababu kwenye mchezo hapo jogoo anawika, na mashine haikuwa na sauti ya nne ya kumpa jogoo.

Nilimpigia simu, nikamwuliza kwa adabu kama mwandishi amekosea. Akacheka taratibu, akasema, "Binti yangu, ile kazi ilikuwa ya kitengo, na kitengo kilikuwa mimi." Halafu, kwa upole uleule, akaniomba nivae kimono nipande jukwaani onyesho likiisha, nimkabidhi maua kama mfanyakazi wake wa zamani.

Mume wangu anasema nikubali yaishe. "Mama Honoka, mzee ana miaka themanini na moja. Utamwaibishaje mshenga wako mbele ya watu elfu mbili?" Binti yetu Honoka naye kaapa kwamba nikibeba hayo maua, yeye ukumbini haji. Daftari zangu za kazi ninazo zote saba, noti nilizoandika kwa tarakimu za mashine ile, kila ukurasa na tarehe yake. Je, nizifungue, nionekane mtovu wa shukrani, au nimpe maua ninyamaze?

Wako, Mama Honoka

*

Mama Honoka,

Barua yako nimeisoma nimesimama, chai ikapoa. Jogoo kageuzwa msiba wa baba wa watu. Huyo mzee hana haya.

Lakini na wewe nikuulize: miaka yote hii ulikuwa wapi? Ulijifanya mpole, ukadhani kunyamaza ni adabu, na yeye akaona mlango uko wazi. Mtu humzoesha mwenzake kumkalia kichwani. Pole, ila ukweli ndio huo.

Mumeo ni mtu mwema, lakini amechanganya mambo. Mshenga alikupatia mume, hukumlipa kwa wimbo. Shukrani ya harusi umeitoa kwa kadi za mwaka mpya na zawadi za kiangazi kama ilivyo desturi yetu, nina hakika hukukosa hata mwaka mmoja. Na uzee si ruhusa ya kuchukua cha mtu. Aibu unayoiogopa si yako, mwachie mwenyewe aibebe.

Kwa hiyo sikiliza. Maua usibebe. Jumamosi hii nenda kwa Bwana Togashi pamoja na Honoka na daftari mbili, umwambie mbele ya mkewe kwamba ana siku tatu za kuwaeleza okestra yeye mwenyewe. Usilie, usiombe radhi, usiiname zaidi ya unavyoinama kwa jirani. Siku ya nne, akiwa amenyamaza, daftari zote saba zipeleke kwa kiongozi wa okestra, umwonyeshe ukurasa wa wimbo wa kijijini, pale sauti inapokatwa kumpisha jogoo. Mwanamuziki akiuona ukurasa ule hatahitaji shahidi. Jina lako lichapwe kwenye kijitabu cha onyesho, jina la kuzaliwa na la ndoa, si Konokono.

Mumeo akinuna, mpikie kama kawaida. Na siku ya onyesho, Bwana Togashi akija, mpokee vizuri mlangoni. Ni mshenga wako, na siku hiyo atakuwa mgeni wako.

Shangazi Tamae