Mstari wa Chini ya Kidole Gumba

Jumatatu, 6 Oktoba

Nimesahau maneno mara nne mazoezini. Miaka hamsini jukwaani, kumi na mmoja nikiwa inspekta kwenye televisheni, na leo nimesimama mbele ya wenzangu kama mtoto aliyepotea sokoni. Imogen, mwongozaji wetu, kanivuta kando. Nivae kidude cha sikioni, Beryl, msaidizi wake, atanisomea maneno kutoka nyuma ya pazia. Nikikwama tena, nafasi yangu anapewa Rupert, mwigizaji wa akiba. Aliyasema kwa upole — na upole huo ndio ulioniuma.

Jumanne, 7 Oktoba

Leo nimetiririka kama maji. Kila nilipoyumba, sauti ilikuwepo sikioni, ya chini, haina haraka. Baadaye nikamnunulia Beryl keki.

"Ya nini tena, Inspekta?" akacheka. "Mimi sijakusomea kitu. Betri ilikufa kabla hatujaanza. Nikaona mzee unakwenda tu, nikanyamaza."

Keki kaila yote. Mimi hata chai ilinishinda.

Jumatano, 8 Oktoba

Nimeitambua ile sauti. Ni Nerys! Miaka arobaini mke wangu alinisikiliza nikikariri maneno kwenye meza ya jikoni, na nikikosea aliguna. Sauti hii inaguna vilevile. Tulimzika Machi. Sikuogopa — nimejifungia chooni nikalia kwa furaha, mtu mzima mimi.

Mstari wa mwisho wa mchezo sisi waigizaji hatuutamki mpaka watazamaji wawepo. Ni mkosi. Nerys aliushika mwiko huo kuliko mimi mwenyewe. Tukifika ukurasa wa mwisho, mstari huo aliufunika kwa kidole gumba.

Alhamisi, 9 Oktoba

Siku ya kwanza ya watazamaji. Viti vyote vimejaa. Imogen kaja chumbani, kanichomoa kidude.

"Hukihitaji tena, mzee wangu. Umerudi ujanani."

Nikamwachia. Nerys hahitaji betri.

Zimebaki dakika tano. Koti nimeshavaa. Sauti imeanza mapema, nikadhani ananikumbusha maneno ya kuingilia. Siyo. Inasema mstari wa mwisho. Inaurudia polepole, neno kwa neno, kama anayemfundisha mtoto sala.

Nerys asingeutamka hata kwa mtutu wa bunduki.

Basi siku zote hizi nimemsikiliza nani?

Nayatafuta maneno yangu ya kwanza. Sina hata moja. Nina huo mstari tu.

Beryl anagonga. "Jukwaani, Inspekta. Wanakusubiri."

Sikioni kitu kimeguna, vilevile kama Nerys.