Vikichoka, Virudi

Hetal, shosti wangu,

Nimemkatalia Shaibu. Naanza na hilo kwa sababu hadithi ndefu hukuzipenda, ungenikatiza tu, "Mwana, umekubali au umekataa?" Nimekataa. Ni asubuhi hii, kwenye duka lake la viatu Kariakoo, mbele ya wapagazi wake waliokuwa wakishusha mzigo. Sasa nimerudi karakana, nimekaa kwenye kigoda chako, nakuandikia ilivyokuwa.

Tangu ututoke, mambo yalikwenda mrama. Siku ya msiba nilifika kwenu mapema. Viatu vya waliotangulia vilikuwa vimerundikana mlangoni hadi kwenye ngazi, nami nilipovua vyangu nikainama nivipange, watu wasije wakajikwaa. Ndipo nikaanza kuvitambua. Vile vya kamba mbili vilikuwa vya mwalimu wako wa zamani. Vile vya kahawia vilikuwa vya mama wa duka la dawa, mwenye kidole gumba kikubwa, yule aliyetusumbua mpaka tukamtengenezea mara ya pili. Hata kabla sijaingia nilishajua nusu ya waliomo ndani, kwa sababu miguu yao tuliichora sisi. Nikakaa chini palepale nikalia, mpaka shangazi yako mmoja, mwenye sari nyeupe, akanishika mkono akaniingiza.

Mama yako alinitazama, akageuza uso. Sikumlaumu. Najua alichokuwa akikiona kila akiniona mimi: ngozi, gundi, nyundo, na binti yake amekaa chini, mtaa wa Gerezani, katikati ya magereji kama vile kwao hakuna duka. Ulinisimulia mwenyewe maneno yake: "Watu wetu wanauza vitambaa. Hawashoni ngozi."

Unakumbuka tulivyoanza? Ulinipa sharti moja tu, kwamba ngozi ya ng'ombe isiingie humu. Nami mtoto wa Ilala, ambaye sikukuu kwetu haijawa sikukuu mpaka pilau ya ng'ombe iive, nilikubali, maana karakana ni ya wawili. Tukashika mbuzi. Ngozi yenyewe nyembamba, lazima uibandike mara mbili ndipo ishike umbo, kisha kiatu kilale kwenye kalibu, ule mguu wetu wa mbao, wiki nzima. Mjomba Kombo, aliyenifundisha kushona makubadhi, alisema tumejitafutia kazi juu ya kazi. Wewe ukaenda nyumbani mbio kumpasha mama yako habari njema, kwamba ng'ombe hatumgusi. Akakujibu, "Na mbuzi naye ana mama." Ulirudi umenuna. Uliponisimulia tukatazamana, tukacheka mpaka mafundi magari wa jirani wakaja kuuliza kulikoni.

Jina tuliandika wenyewe kwa rangi iliyobaki kwenye gereji: Kanyaga Taratibu. Na chini yake, kwa maandishi yako ya kulala upande: Vikichoka, virudi. Watu walitucheka. Katambuga za bei mbaya, walisema, na soli kweli ni tairi, hatukuficha. Lakini walirudi. Kiatu kikichakaa tunabandua soli, tunapiga nyingine, mtu anaondoka na kiatu chake kilekile kinachomjua.

Halafu ile Idi. Ile siwezi kuisahau. Mjomba Kombo aliagiza viatu vyake na vya wanawe wote, wewe ukashikilia viwe rangi moja, "familia moja, rangi moja." Tukachora miguu mmojammoja, kila mtu amesimama wima, maana mguu uliokaa si mguu unaotembea. Kazi ikatoka safi. Wakaenda nayo kuswali Idi pale Mnazi Mmoja, na swala ilipokwisha kila mmoja akanyakua jozi ya kwanza aliyoiona. Mjomba alizunguka kutoa mkono wa Idi nyumba baada ya nyumba ndani ya viatu vya mwanawe mdogo. Alipofika kwetu anachechemea, hakunipa hata salamu: "Mmeniuzia viatu, au mmenitia pingu?" Na sisi wawili, mimi niliyekulia kuvua viatu msikitini, wewe uliyekulia kuvua viatu hekaluni, hakuna aliyeliwaza hilo! Wengine wangesameheka. Sisi hapana.

Tangu siku hiyo ukaanza mambo yako ya uzi. Mstari mfupi ndani, chini ya kisigino, kila mteja na rangi yake. Kazi hiyo hukumwachia mtu. Ulikuwa unamtazama mtu akiingia, akikaa, akilalamika bei, halafu unasema, "Huyu zambarau." Nikikuuliza kwa nini, unasema anaonekana tu.

Vya mama yako ulivitia manjano.

Nilitaka nikipite hiki kisa, lakini ndicho kilichonifanya niandike. Ulimshonea viatu visivyo na ngozi hata kidogo, ya mbuzi wala ya nani, ili asipate la kusema. Ulichukua turubai kuukuu la kibaraza cha duka la baba yako, lile la mistari ya buluu, ukalifua, ukalikata, ukalishona mikunjo mitatu, ukakifumua ulichoshona, ukashona tena. Sijawahi kukuona umeinamia kazi namna ile. Ukavifunga kwenye kitambaa ukampelekea. Kesho yake ulikuja ukaniambia, bila kuniangalia, "Amesema atampa dada wa kazi." Safari hiyo hatukucheka. Nilikupikia chai, ikapoa. Hata ulipokuwa hospitali, figo zimeshakataa, mashine inavuma kando yako, ulinigeukia ghafla ukasema, "Sijui dada wa kazi vilimtosha?" Nikageuka ukutani, Hetal.

Basi ukaenda. Na mimi nikawa nashona kama kawaida, nalaza kiatu kwenye kalibu, natoa, nang'arisha, na ikifika zamu ya uzi, naweka chini. Mkono ulikataa. Rafu ikajaa viatu vilivyobakiza mstari mmoja tu wa uzi, na wenye viatu wanapiga simu. Nilianza kuwaambia nimefunga kwa muda. Huo muda ukawa unarefuka.

Ndipo akaja Shaibu. Si mtu mbaya, usimtukane huko uliko. Alianza kwa pole, akakaa vizuri, kisha akasema alivyoona yeye. Nimpe jozi moja ya mfano, aipeleke nje, irudi kontena zima, ngozi bandia, na jina letu limegongwa juu. "Wewe utakaa tu, dada Mwana. Bongo hii nani anangoja kiatu wiki nzima?" Akanipa mpaka Jumamosi ya leo. Sikudanganyi: nilikuwa naelekea kukubali. Nilikuwa nimechoka, na kukaa tu kulinivutia. Hata jozi ya mfano nilishaifuta vumbi nikaiweka kwenye mfuko.

Juzi Alhamisi, mvua imeshanyesha, tope limejaa, nikaona sari nyeupe inakatiza katikati ya injini zilizotolewa nje na mafundi waliolala chini ya magari. Nikadhani macho yananidanganya. Mama yako, Gerezani! Amekunja sari kwa mkono mmoja, mkono wa pili una mfuko wa kitambaa. Hajawahi kukanyaga hapa ulipokuwa hai.

Nikasimama. "Shikamoo, Mama." Akaitikia, "Marahaba," akatazama kibao, akatazama rafu, akatazama kigoda chako. Nikakifuta, akakaa. Kisha akafungua ule mfuko akanipa viatu.

Ni vile, Hetal. Vya turubai, mistari ya buluu. Nikavipindua na kuziona soli: zimelika mpaka nyuzi za ndani za tairi ziko nje. Tairi! Tairi lililokwenda Mwanza na kurudi sijui mara ngapi chini ya lori, mama yako amelimaliza kwa miguu yake miwili. Nikaingiza kidole ndani, chini ya kisigino. Manjano ipo palepale.

Akasema, "Kila asubuhi nilikwenda navyo hekaluni. Nikirudi naviweka nyuma ya pipa la unga, asivione."

Sikumuuliza kwa nini. Alisema mwenyewe, polepole, anaongea na magoti yake. Kwamba viatu vingine vyote vinamuuma, hivi haviumi. Kwamba alitaka kukwambia, akawa anangoja uache kwanza hii kazi, asionekane ameshindwa na mtoto. "Nikangoja. Akatangulia yeye." Hapo akajifunika uso na ncha ya sari, nami nikapiga magoti nikamshika miguu, sikujua pengine pa kumshika. Tulilia, nakwambia kweli, tulilia vibaya. Wale mafundi safari hii hawakuja kuuliza.

Alipotulia akanyoosha sari yake na sauti yake ikarudi ileile ya kwenye kaunta ya duka lenu. "Alisema vikichoka, virudi. Vimechoka. Bado mnatengeneza, au mmefunga?"

Nikamtazama. Nikautazama mezani ule mfuko wenye jozi ya mfano ya Shaibu. Nikasema, "Tunatengeneza, Mama."

Akanionya jambo moja tu, ule uzi nisiutoe. Nikamwambia nikishapiga soli lazima vilale kwenye kalibu mpaka vishike, asije kabla ya Jumatatu. Nilitegemea anipigie kelele, unamjua. Akasema, "Sina haraka," akakunja sari yake, akapita kwenye tope na kandambili za plastiki ambazo nina hakika zilikuwa zinamuuma.

Kwa hiyo leo nilipoingia kwa Shaibu sikukaa. Nilichukua kiatu kimoja kwenye rundo lake la kontena, nikakipindua, nikamwomba anionyeshe nikitaka kubandua soli nianzie wapi. Akakizungusha, akakizungusha tena. Soli na kiatu vimemwagwa pamoja, hakuna pa kupenyeza hata kisu. Nikamuuliza, "Hiki kikichoka, kinarudi wapi?" Akacheka, "Dada, kinarudi jalalani. Ananunua kingine, ndiyo biashara." Nikamwambia basi jina letu halipandi kontena. Akasema nitamtafuta. Nikamwambia nikimtafuta itakuwa kumchora mguu, maana namwona anavyokanyaga upande upande. Wapagazi wakaangua kicheko. Yeye mwenyewe akautazama mguu wake.

Sijui kama nitaweza, Hetal. Bei ya ngozi haishuki kwa sababu mimi nina huzuni, na wateja wengine wameshakwenda zao. Lakini nitafanya hii kazi kama tulivyoianza: mbuzi tu, kalibu wiki nzima, miguu ichorwe imesimama. Nitakwenda taratibu hadi watu wazoee tena kuningoja. Mtu akiona nachelewa, mlango uko wazi na maduka ya Kariakoo yamejaa.

Na uzi nimeanza kutia. Nimeishusha rafu yote. Sina jicho lako, sijui zambarau inaonekanaje usoni mwa mtu, kwa hiyo mimi nawauliza. Bibi harusi mmoja kachagua waridi. Mzee mmoja wa Ilala kakataa nyekundu katakata, anasema hiyo ni rangi ya watani wao wa mpira, hawezi kuikanyaga wala kukanyagwa nayo. Ungecheka.

Viatu vya mama yako viko hapa mbele yangu, juu ya kalibu uliyoichonga mwenyewe kwa mguu uliouiba kwa macho, maana hakukubali kuchorwa. Nimepiga soli mpya. Turubai limefifia lakini halijachanika popote, mishono yako yote ipo. Ya manjano sikuigusa.

Pumzika, shosti wangu. Lile swali lako la hospitali sasa nina jibu lake: vilimtosha, na dada wa kazi hakuviona kamwe.

Jumatatu Mama anakuja kuvichukua. Nitamwambia siku za mwanzo akanyage kwa uangalifu, tairi jipya huteleza. Na vikichoka tena, avirudishe. Nitakuwepo.

Wako,
Mwana