Kiganja Ulichonifungulia

Khalfan, mtu wa bara,

Mrefu ameacha. Nakwambia hili kabla ya salamu, maana ningelianza na salamu ungenikatiza: "Habari za Mrefu kwanza, Sefu, hayo mengine ntayasoma mwenyewe." Haya basi. Mdenmark wetu wa badminton, ule mpira wa vinyoya, ametundika raketi. Hali yako sikuulizi, ulipo sipajui. Na yangu usiniulize.

Nnakuandikia kwa mkono. Ghaniya, mjukuu wangu, kanambia, "Babu, wewe sema tu, simu itaandika yenyewe." Nikamwambia yapo mambo simu isiyajue. Mwandiko wangu unaujua, kuku akipita penye wino anaandika vizuri zaidi. Darasa la nne la Unguja ndilo lililonifikisha hapa, na weye uliyefika la saba huko Tabora ulijiona mkurugenzi wa elimu. Sheikh wa mskiti wetu akijua nnamwandikia maiti barua, atanitolea hutuba ya peke yangu. Na aitoe.

Ameachia kwao, mbele ya watu wake. Alicheza pamoja na mwenza wake wa sasa, yule kijana Mashavu uliyekataa kumpenda. Seti ya kwanza wakafungwa, ya pili wakafungwa vibaya zaidi. Mrefu alisimama akakitazama kinyoya pale chini kilipoangukia, akainama, akakiokota, akakitia mfukoni kama mtoto aliyeiba visheti harusini. Watu wote wakasimama wakampigia makofi. Akashuka Kipara, mwenza wake wa zamani, kutoka kwenye viti, kavaa suti, tumbo limemtoka, akamkumbatia. Wawili wale, mwenza na mwenziwe. Nikageuka nikuchokoze, "Unaona tumbo la Kipara? Bado lako," na kwenye kiti chako kulikuwa na mto.

Hiyo ndiyo hali yangu, kama uliuliza.

Unakumbuka tulivyompata? Weye ulikuwa bado dereva wa duka la magari huku ng'ambo, Wattaya, miye ghalani nahesabu vipuri. Tukakaa kwenye mgahawa ule wa Ghubra, televisheni inaonesha mpira wa vinyoya. Wachina, Wamalaysia, Waindonesia, wote wana watu wao mle ndani wanawashangilia. Mara wakaingia Wazungu wawili, mmoja mrefu kama nguzo ya taa, mmoja kipara na hata miaka thalathini hajafika. Hakuna aliyepiga kofi. Ukasema, "Hawa wamepotea njia. Tuwashike sisi, hawana mtu." Majina yao yalitushinda, na tangu siku hiyo wakawa Mrefu na Kipara. Walifungwa siku hiyo. Wakafungwa na mwezi uliofuata. Tukazoea kufungwa kama tuliozaliwa Denmark.

Halafu ikaja siku ile walipowatoa Wachina, ukaruka ukajimwagia chai kwenye kanzu, na ukenda kuswali na baka kifuani. Mrefu akapata shaba, kisha fedha. Ile dhahabu kubwa kabisa hakuipata maisha yake. Mie nikasema kazi bure. Ukanitazama. "Na sisi tumepata nini, Sefu?" Nikacheka. Sikujua ulikuwa unauliza kweli.

Wao ndio waliotufanya tununue raketi, na wajukuu tunao. Kila Ijumaa baada ya Asri, kwenye ukumbi wa nyuma ya skuli pale Ghubra, pamoja na wale Wahindi wa Kerala wanaotuita anko na kutufunga bila huruma. Weye mbele kwenye wavu, miye nyuma, kwa kuwa weye una mkono na miye nna miguu. Ndivyo tulivyowaona Mrefu na Kipara wakisimama. Na ile ishara yao tukaiiba. Mrefu kabla ya kuanzisha mpira alikuwa akipeleka mkono nyuma mgongoni, Kipara aone, wapinzani wasione. Kidole kimoja, kinyoya kitapita fupi. Viwili, kitakwenda mbali. Tukafanya vilevile, na Wahindi wakaijua ishara yetu wiki ya pili tu, lakini hatukuiacha.

Miaka yote hiyo nimekuona mgongo, Khalfan. Uso wako nnausahau, nakuapia, lakini ule mgongo wako na ile fulana ya kijani iliyotoboka begani naweza kuuchora.

Goti la Kipara lilipomtupa na akaacha, tulibishana mwezi mzima. Weye ulisema Mrefu naye ataacha. Miye nikasema atachukua mwengine, wanaume ndivyo tulivyo. Akamchukua Mashavu. Mechi yao ya kwanza, Mrefu akapeleka mkono nyuma akatoa ishara ya zamani, ya Kipara, na yule kijana akabaki kuitazama kama mbuzi aliyealikwa harusini. Kinyoya kikapita kati yao wote wawili. Mie nikacheka mpaka nikakohoa. Weye ukasema, "Maskini. Anasema na mtu asiyekuwepo."

Sasa nije kwenye lile lililonikalisha chini kuandika. Nimezunguka vya kutosha.

Ijumaa ile ya mwisho. Seti ya pili, tumeshafungwa ya kwanza. Zamu yako kuanzisha. Ukapeleka mkono nyuma, nami nangoja kidole kimoja au viwili. Ukafungua kiganja chote. Vidole vitano, vimetanuka, vimetulia pale mgongoni. Ishara hiyo hatukuwa nayo. Nikapiga kelele ukumbi mzima usikie, "Yakhe, unauza mayai? Matano kwa bei gani?" Wahindi wakacheka hata wasiojua Kiswahili. Na weye ukacheka, mabega yakatikisika. Ukakifunga kile kiganja polepole. Ukaanzisha, kinyoya kikaingia wavuni.

Ulicheza mipira mingine minne. Nimeihesabu. Kisha ukenda kukaa kwenye benchi, na miye nikakufuata na maneno: mtu wa bara kashindwa, mtu wa bara arudi Tabora akalime tumbaku. Ukasema, "Napumua kidogo, Sefu." Jasho lako halikuwa la mchezo. Wale Wahindi ndio waliokuona, si miye. Ndio waliokubeba mpaka kwenye gari. Jumamosi asubuhi ukafa hospitali, na baada ya Asri tukakuzika.

Kwenye sala ya maiti niliwekwa safu ya kwanza. Ukawa mbele yangu tena, kama siku zote, umefunikwa, na mkono hauonekani. Imamu alitoa takbira, nami macho yangu yanatafuta ishara. Mungu anisamehe. Nilikuwa nimesimama swalani nangoja uniambie fupi au mbali.

Na kwenye matanga, unajua nilifanya nini? Niliwasimulia ya mayai. Siku tatu nzima, kahawa inapita, tende zinapita, na miye kila akija mtu mpya namwanzia upya: "Mwenzenu kafa anauza mayai." Watu walicheka, wakasema kheri kumkumbuka mtu kwa kicheko. Niliizidisha chumvi kidogo kila mara. Siku ya tatu yale mayai matano yalikuwa yameshafika trei nzima.

Bi Zuwena alipomaliza eda akaniita, mbele ya wanao. Kanipa raketi yako. Nikamwambia sistahili, naye akadhani ni adabu, hanijui vizuri. Halafu akanambia. Kwamba daktari alikwambia mapema moyo wako umechoka, na akakukataza mambo ya kukimbia. Kwamba ulimwapisha asinambie: "Sefu akijua atanifanya ngoma yake ya kila Ijumaa." Kwamba wiki ile ya mwisho ulikaa sebuleni unarudia rudia mechi moja ya zamani ya Mrefu na Kipara, na alipokuuliza unatafuta nini humo ulimwonesha pahala ukasema, "Nikizidiwa ntafanya hivi. Sefu ataelewa, hana haja ya kuambiwa."

Sefu ataelewa.

Nilirudi nyumbani nikamwambia Ghaniya anitolee mechi zote za wale wawili. Alinitolea kwenye kile kibao chake cha mtandao. Jina la mechi nilikuwa sina, kwa hiyo nilizitazama moja moja, wiki tatu, mpaka mtoto akawa ananiuliza kama nataka kujiandikisha timu ya Denmark. Nikaipata. Mrefu ndiye anayeanzisha. Kipara yuko nyuma, goti limeshaanza. Na huyo Mrefu ndiye mwenye maumivu siku hiyo, mgongo, lakini uso haoneshi kitu, wapinzani wako mbele yake wanamtazama. Anapeleka mkono nyuma. Anafungua kiganja chote, vidole vitano. Kipara hakungoja. Akanyanyua mkono kwa refa, akatembea mpaka mbele, akakigusa kile kiganja kwa chake, wakasimama. Mambo yakaishia hapo. Mechi wakawaachia wapinzani, wakenda zao wameshikana mabega.

Na mechi hiyo tuliitazama pamoja, Khalfan! Mgahawa ule ule. Weye uliona kiganja. Miye nilikuwa nalalamika kuwa wametupunja.

Nimekaa na jambo hili nikaligeuza kila upande, na kila upande lina miye. Uliogopa kusema kwa mdomo wako kwa sababu ya mdomo wangu. Ungesema tu "Sefu, siwezi," mbele ya wale Wahindi, ningekutania kwalo mwaka mzima, na ulijua. Ukatafuta njia ya kunambia isiyopita masikioni mwao. Ukaniachia mgongo wako, pahala pekee ninapopasoma vizuri, na pale pale nikashindwa kusoma. Darasa la nne!

Daktari mmoja niliyemuuliza kanambia huenda isingebadilisha kitu. Huenda. Nimelibeba neno hilo kutoka kwake mpaka nyumbani na halikunifaa kwa lolote.

Nilirudi ukumbini mara moja. Nilikwenda na raketi yako, nikajidanganya kuwa itapenda kutembea. Wahindi wakafurahi, "Anko karudi!" Wakanipa mwenza, mhandisi mmoja mtu mzima mwenye watoto, mpole. Akakaa mbele, miye nyuma. Mgongo mpana, fulana nyeupe, siujui. Tukacheza kidogo. Mara, kabla hajaanzisha, mkono wake ukaja nyuma, kiganja wazi, vidole vyote.

Raketi yako niliitupa chini. Nilikimbia, miguu hii ya zamani, nikamshika mabega nikamwambia kaa, kaa chini, leteni maji, leteni gari. Nilikuwa nalia na Kiswahili changu chote, Kiarabu kimenipotea. Yule mtu akanitazama kwa huruma. "Anko," akanambia, "najikuna tu."

Hakuna aliyecheka. Afadhali wangecheka.

Sijarudi tena, na sirudi. Raketi yako ina ufa kwenye fremu sasa, kwa nilivyoitupa, na Bi Zuwena nimemwambia iko salama. Ijumaa baada ya Asri nakaa ndani, Ghaniya ananiletea chai, na hata utani umenikauka. Majuzi kuanguka kwangu mskitini mbele ya watu wote, kilemba huku miye kule, kumepita bila ya mimi kusema neno, na wazee wakaulizana kama naumwa. Ningelikuwa na weye ungeniuliza nimeanguka fupi au mbali.

Mrefu anasema kwenye mahojiano kwamba atapumzika, atalea wanawe, kisha ataona. Kaulizwa atakumbuka nini kuliko vyote. Ghaniya kanifasiria. Hakutaja shaba wala fedha. Kasema atakumbuka kuwa kwa miaka yote hiyo hakuwa na haja ya kugeuka nyuma kutazama, alijua mwenzake yupo na anaona.

Nilimwambia Ghaniya azime.

Basi nakuacha, mtu wa bara. Sina la kukutumia ila dua, na dua zangu unajua zinavyokatika katikati. Samahani sikuombi, maana najua ungenipa haraka haraka ili tuendelee na mchezo, na sitaki kuipata kwa urahisi hivyo. Nakupa ahadi moja badala yake. Ya mayai sitaisimulia tena kwa mtu yeyote. Na siku yangu ikifika, kwa wakati wake, wakanileta huko ulipo, kaa mbele vilevile, usijisumbue kugeuka. Peleka mkono nyuma, fungua kiganja. Ntakuja mpaka hapo mbele, nikiguse kwa changu, na mdomo nimeufunga.

Mwenzio wa nyuma,
Sefu