Goli Lililoinama la Kokoto Stars

Baba,

Siwezi kukaa. Mama ananiambia nitulie hata nimalize chai, nakaa, halafu najikuta nimesimama tena. Leo nimefagia ua mara mbili. Tangu nimalize mtihani wa kidato cha nne sina pa kwenda asubuhi, na tangu uondoke sina wa kumsubiri jioni. Kwa hiyo natembea. Watu wananisalimia njiani, naitikia kwa ile sauti uliyosema ni ya kifaranga kilicholoa.

Wiki iliyopita miguu ilinifikisha kwenye maegesho ya malori, pale ulipokuwa uwanja wenu. Milingoti ya goli la upande wa bondeni bado ipo, ndiyo wamefungia geti. Nilisimama nikitazama lori likiingia golini taratibu, na hakuna aliyeshangilia. Mlinzi akaniuliza, "Dada, unatafuta dereva gani?" Nilitaka kumwambia kwamba hapo ilikuwa inacheza Kokoto Stars, na kipa wao alikuwa baba yangu. Nikakimbia.

Nilikasirika njia nzima, Baba. Sikumkasirikia yeye. Nilijikasirikia mimi.

Kwa sababu kama mimi sisemi, nani atasema? Kanisani, siku ya kukuaga, walisoma habari zako: fundi wa kuchomelea, mwanakwaya, baba wa watoto watatu. Timu hawakuitaja. Wala haikufa kwa kutangazwa. Mwenye kiwanja aliuza, mkahamia uwanja wa kuazima, huyu akapata kazi ya udereva, yule akahamia Mbeya, na Jumamosi moja hakuna aliyefua jezi. Basi.

Mimi niliiona ikicheza mara chache tu, nikiwa mgongoni kwa Mama. Mengine yote ni ya kusimuliwa na wewe. Kwamba mlijiita Kokoto kwa sababu uwanja ulikuwa changarawe tupu, na wageni waliogopa kuteleza wasichunike. Kwamba magoli uliyachomelea mwenyewe kwa mabomba ya maji, na mlipoyasimika mvua ilinyesha usiku, mlingoti mmoja ukazama kabla zege halijakauka. Asubuhi mtambaa panya ukawa umelala upande, kushoto chini, kulia juu. Wageni wakawa wanapiga kelele, "Goli lenu limekunywa kachasu!" Na wewe ukiwajibu kutoka golini, "Limekunywa, lakini halijaanguka! Njooni mlifunge!"

Siku greda lilipokuja uliwahi kuling'oa lile goli lililoinama, wewe na Mjomba Mulenga, yule winga wenu wa Nakonde, ng'ambo ya mpaka. Mkalileta hapa uani. Ungeweza kulisimamisha sawa, ulikuwa na nafasi hiyo. Ukachimba shimo la kushoto refu zaidi, makusudi. Mama akalalamika kwamba nguo zake zote anazoanika juu ya mtambaa panya zinateleza upande mmoja zinarundikana kama zinaona baridi. Ukamwambia, "Mama Neema, hizo ndizo mashabiki wetu waliobaki."

Halafu jioni: "Anueni nguo, mechi inaanza!" Mimi na wewe. Nilikuwa sisemi shuleni, sisemi kanisani, lakini mbele ya lile goli nilikuwa napiga kelele hadi jirani anagonga bati. "Piga kama mtu aliyekula!" "Juu kulia, binti, juu kulia, ndiko kuna nafasi!" Unaniambia pa kupiga, halafu unaruka huko huko na kudaka. Nilikuwa nalia kwa hasira. Sasa ndiyo natamani ile hasira.

Nikuambie kilichotokea.

Baba mdogo anataka kujenga vyumba vya kupangisha hapa uani. Sina ubaya naye. Wapangaji wapo, Tunduma imejaa watu, na Mama hawezi kuishi kwa nyanya za sokoni peke yake. Hilo nalijua. Lakini Jumatano alikuja na mnunuzi wa vyuma chakavu. Nilikuwa nafua. Yule mtu akaugonga mlingoti kwa ufunguo, akasikiliza mlio, akasema, "Bomba zito hili, mzee. La zamani." Baba mdogo akasema, "Timu yenyewe ilishakufa, goli la nini? Neema, anua nguo zako."

Na mimi nikaanza kuanua, Baba. Mikono ilikuwa inaanua yenyewe. Nilifika kwenye shati lako, lile la kijivu ambalo Mama bado analifua, nikashindwa kuliondoa.

Nikasema, "Haliuzwi."

Baba mdogo akauliza, "Umesemaje?"

"Haliuzwi, Baba mdogo. Jenga vyumba. Goli nitaliondoa mimi."

Mnunuzi akacheka. Mama akatoka jikoni, mikono ina unga. Nilidhani atanikaripia, lakini alisimama tu karibu yangu. Baba mdogo akasema, "Kumbe una sauti. Haya. Jumamosi mafundi wanakuja. Nikilikuta hapa, linaenda."

Niliondoka na ndala hivyo hivyo hadi boda, pale mpakani, mahali ambapo sijawahi kwenda peke yangu. Mjomba Mulenga siku hizi anavusha mizigo kwa mkokoteni. Nilimwona katikati ya watu wengi, nikaita, na hakusikia. Nikaita tena kwa salamu ya kwao, ile aliyokuwa akikusalimia wewe: "Mulishani, ba kipa!" Akauachia mkokoteni. Akaangalia huku na huku kama mtu aliyeitwa na wewe. Aliponiona mimi, akafuta macho kwa kofia.

Ijumaa akaja na wenzake wawili wa Kokoto, vitambi mbele. Wakang'oa goli, wakalipakia mkokotenini, tukalisukuma katikati ya mji, bodaboda wakitupigia honi. Tulilipeleka shule ya msingi niliyosoma, ambako wanacheza na mawe mawili. Mwalimu mkuu nilimwomba mimi mwenyewe, Baba. Sauti ilikuwa ya kifaranga, lakini nilimaliza sentensi.

Walipoanza kuchimba, Mjomba Mulenga akaniuliza, "Neema, tulinyooshe? Hapa ni shule." Wanaume watu wazima, majembe mkononi, wananisubiri mimi. Nikasema lisimame kama lilivyokuwa. Akachimba shimo la kushoto, akalipima kwa mkono, akachimba tena.

Jana zege lilikuwa limekauka. Nikaenda na mpira wetu, peke yangu. Nikarudi nyuma hatua zangu za siku zote. Nikapiga juu kulia.

Ukaingia. Ukaendelea kwenda hadi kwenye mahindi ya mwalimu, na ilibidi niufuate mwenyewe.

Nililia huko kwenye mahindi, ndiyo, lakini nilirudi na mpira. Kulikuwa na wasichana wawili wadogo wamesimama karibu na goli. Mmoja akauliza, "Dada, mbona goli lenyewe limepinda?"

Nikawaambia. Nilianzia kwenye kokoto.

Lala salama, kipa wangu. Shati lako nimemrudishia Mama, kamba ya kuanikia tumefunga. Nakuahidi kila mtoto atakayeuliza kuhusu lile goli nitamjibu, kwa sauti ya kusikika, na nitakutaja jina.

Binti yako,
Neema