Medali ya Babu Kyomba

Kalemie, tarehe 14 Agosti 1976

Kaka yangu mpendwa Anatole,

Natumaini barua hii inakukuta mzima, wewe na Mama, na miguu yake imepungua kuvimba. Sisi huku tunapumua, ila dagaa wamekuwa adimu na watoto wanaununia ugali mtupu.

Nasikia Jumapili ijayo utasimama mbele ya wazee kudai kiti cha ufalme, na medali ya babu yetu Kyomba kifuani. Tangu utoto tuliambiwa Wazungu walimpa kwa kuwa alikuwa mfalme. Basi nisikilize kabla hujaivaa.

Juzi Padri Edmond alituonyesha parokiani sinema ya zamani sana, isiyo na sauti, ya siku ile ile ya medali. Nilimtambua Babu mara moja kwa masikio yale mapana aliyokurithisha. Nikajivuna, nikamgonga jirani yangu kwa kiwiko. Mzungu akamtundikia medali. Ndipo Babu akageuka, akapiga magoti, akampigia makofi mzee mmoja aliyeketi nyuma katikati ya watu, amejifunika shuka kuukuu.

Wewe unajua kwetu makofi ya magoti hupigiwa nani.

Mama Émérence, aliyeketi nasi akitazama na ambaye siku ile ya medali alikuwepo, angali msichana, akasema kwa sauti: "Ule wa nyuma njo mufalme mwenyewe!" Yaani yule wa shuka kuukuu ndiye mfalme, si Babu. Baadaye alinieleza taratibu. Watu waliogopa kwamba mfalme akijitokeza Wazungu watamfunga, wakamtoa mtu ambaye asiporudi hakuna ukoo utakaolia. Babu alikuwa amekuja peke yake kutoka Ankoro, hana ndugu. Alikubali. Aliporudi salama wakamwachia medali, wakamwoza bibi yetu.

Kaka, nililia. Kwanza kwa aibu, nakwambia kweli. Nilimwomba Padri asiilete sinema hiyo huko kwenu Moba, naye akakubali bila kuniuliza. Lakini leo asubuhi nimerudi kwake kumwomba ailete. Atapanda meli ya Alhamisi, na barua hii mfukoni mwake. Ukitaka kunichukia, nichukie, ila mtazame Babu kwanza. Medali iko kifuani na bado anapiga makofi.

Kiti si chetu. Jumapili nenda tu na medali yako, na mwenyewe, wa ukoo wa yule mzee, akishaketi, mpigie makofi kama Babu.

Nisalimie sana Mama. Usimwambie neno mpaka aone kwa macho yake.

Ni mimi dada yako,
Bibiane
(jina hili la ubatizo, tangu serikali ikataze majina ya Kizungu, nalitia kwenye barua zako tu)