Mzinga wa Mjomba Mbele ya Kamera

Itigi

Dada Neema, shikamoo.

Kwa heshima na taadhima, naitangazia familia kwamba Elia, mtoto wa Mjomba Yohana, juzi alichana ndevu, akajifanya mtengeneza filamu. Alikuwa anamrekodi baba yake akirina asali, ili aiweke video mtandaoni. Asali hurinwa jioni, nyuki wakishatulia, lakini Elia alisema jioni mwanga haufai. Basi mzee akapandishwa mtini saa nane mchana, jua likiwaka. Alipofungua mzinga, Elia akapiga kelele kutoka chini: "Baba, funga, ufungue tena! Hukutabasamu!"

Na mjomba, mtu ninayemheshimu tangu utotoni, akafunga, akafungua, akatabasamu. Moshi wa kuwatuliza nyuki ulikuwa umeshakwisha. Alishuka macho hayaonekani kwa uvimbe. Nilimpora Elia simu niipige chini, akanidaka mkono: "Taratibu, kaka, bado inarekodi!"

Dada, nina hasira mpaka kalamu inatoboa kadi hii. Mjomba alikuwa na mzinga huo mmoja tu. Sasa anajiona kwenye simu kwa jicho lililofunguka, anacheka.

Wakumbatie wanao kwa niaba yangu, nawe upumzike, usijichoshe.

Video imependwa sana. Nyuki wamehama.

Mdogo wako,
Daudi