Barua Iliyofuliwa

3 Machi 1986

Dada mpenzi,

Shikamoo. Mimi ni mzima, wasiwasi ni juu yenu. Barua yako imefika, nimeisoma mara tatu, machozi yakanilenga. Yote uliyosema nimeyatia moyoni. Udobi hapa hotelini unaendelea. Mashuka hayaishi, utadhani wageni wanalala mara mbili kwa siku. Msalimie Baba, ukipenda.

Mdogo wako

21 Machi

Mdogo wangu,

Marahaba. Sisi tupo, ila Baba hatoki tena kitandani.

Hivi una moyo wa namna gani? Bahasha niliandika mimi, lakini barua aliandika Baba kwa mkono wake, siku nne nzima, huku akitetemeka. Kile kitambaa cha mteja alichokufukuzia miaka tisa iliyopita amekikuta nyuma ya meza yake ya kukatia nguo. Alikuuliza jambo moja tu: umemsamehe kwa kukuita mwizi? Nawe unaniletea habari za mashuka! Kila siku ananiuliza kama umejibu, nami nasema bado. Mwandikie, nakuomba.

Dada yako

2 Aprili

Dada,

Shikamoo. Sina hata uso wa kukuuliza hali. Nilikudanganya, barua sikuisoma. Niliona mwandiko wako juu ya bahasha, nikaitia mfukoni mwa sare niifaidi siku ya mapumziko, maana siandikiwi mara nyingi. Sare ikaingia mashineni. Dobi mzima, mimi ninayepekua mifuko ya wageni kila siku! Likatoka donge la karatasi. Nikaona haya kukwambia. Laiti ningekuuliza tu!

Mwambie Baba nilimsamehe zamani, hata kabla kitambaa hakijaonekana. Msomee leo hii, dada, usingoje kesho.

Mdogo wako

18 Aprili

Mdogo wangu,

Marahaba. Kaa chini kwanza. Barua yako ilifika jana. Baba tulimzika Jumamosi.

Usijilaumu peke yako, nami nina langu. Wiki moja kabla hajatutoka nilishindwa kumtazama akingoja. Nikachukua ile barua yako ya kwanza, nikajifanya naisoma: "Baba, nimekusamehe." Akatabasamu, mdogo wangu, akatabasamu kweli. Kisha akaomba miwani yake, akaniambia nimwonyeshe huo mstari ausome mwenyewe.

Dada yako